Kwa Nini Daktari Ashike Kamera

Ndugu wasikilizaji, asanteni kwa kunialika. Wengi huniuliza daktari ametafuta nini kwenye filamu za makala. Nimetafuta muda. Mgonjwa naye hukaa mbele yangu dakika chache, kisha anakwenda kuishi na ugonjwa wake miezi mingi mimi nikiwa sipo.

Chukueni kifua kikuu. Matibabu yake ya kawaida ni miezi 6. Lakini wiki chache tu baada ya kuanza dawa kikohozi hupungua, jasho la usiku hukoma, hamu ya kula hurudi. Mimi nasema endelea na dawa, mwili unamwambia umepona. Atamsikiliza nani? Kumbe bado kuna bakteria wanaozaana polepole, na dawa zikikatizwa ugonjwa unaweza kurudi, pengine ukiwa sugu.

Kuna jambo dogo zaidi, nalo hufukuza watu. Rifampisini, mojawapo ya dawa hizo, hugeuza mkojo kuwa wa rangi ya chungwa, hata wekundu kidogo. Asiyeambiwa hudhani anakojoa damu. Haulizi, maana anaona aibu. Anaacha vidonge kimyakimya. Kwenye filamu namwonyesha mtu huyo akishtuka, halafu mwenzake aliyekwisha kumaliza dozi anamwambia, "Hata mimi ilinitokea, ni dawa tu." Maneno hayo nimeyasema mimi mara nyingi nikiwa nimevaa koti jeupe. Yakitoka kwa aliyeumwa yana uzito mwingine kabisa.

Wala si jambo jipya. Mwaka 1909 daktari Mfaransa Jean Comandon, akifanya kazi na kampuni ya Pathé, aliunganisha kamera na hadubini, akawaonyesha watu vijidudu vya kaswende vikiwa hai, vinajinyonganyonga. Baadaye alitengeneza filamu za kuelimisha umma kuhusu kifua kikuu. Namheshimu kwa sababu alitangulia kuonyesha, ndipo akaeleza. Sisi madaktari tumezoea kinyume chake, tena tunapenda kutisha. Picha ya pafu lililoharibika, bila kumwambia mtazamaji akapime wapi na tiba ikoje, humfanya ageuze uso tu.

Hapa naomba tutulie kidogo, maana ndipo penye hatari. Mgonjwa akiombwa ruhusa ya kurekodiwa na daktari anayemtibu, atakataaje? Anaogopa kumuudhi mtu aliyeshika uhai wake. Kwa hiyo nashikilia kwamba ombi lipelekwe na mtu mwingine, na mgonjwa aelewe kuwa jibu lake halitagusa matibabu yake hata chembe. Saini ya siku ya kwanza haitoshi. Aitazame filamu ikishahaririwa, na akitaka kipande kitolewe, kitolewe, hata kama ndicho kizuri kuliko vyote. Ikishaingia mtandaoni hairudi. Itamfikia mwajiri, itawafikia wakwe. Kuficha uso pekee hakutoshi, kwa kuwa sauti na mwendo vinamtambulisha mtu kwa jirani zake.

Kabla ya kuitoa, huwaonyesha watu wasio wa fani ya afya, kisha namwomba mmoja anisimulie alichokiona. Akinieleza kwa maneno yake kwa nini yule mgonjwa aliendelea kumeza dawa baada ya kikohozi kuisha, filamu iko tayari. Akikumbuka tu kwamba daktari alisema tumeze dawa, narudi kuhariri.