Jaco Pastorius na Koleo la Kung'olea Freti

Nianze na koleo. Kila mara hutokea kijana aliyesikiliza ile albamu ya 1976 yenye jina la Jaco Pastorius, yule mpiga besi wa jazi wa Marekani, akashinda nayo siku mbili, siku ya tatu akatoka kutafuta koleo. Anang'oa freti zote 20 za gitaa lake la besi, vile vyuma vyembamba vinavyokatiza shingo, anarudisha nyuzi, anapiga, anasikia mbu ndani ya mtungi. Kisha analaumu gitaa. Nimelisema hili mpaka baadhi yenu mnaweza kunimalizia sentensi, lakini maadamu koleo bado zinauzwa, nitasema tena.

Wasifu wa Jaco mnao: amezaliwa Norristown, Pennsylvania, tarehe 1 Desemba 1951, akakulia Fort Lauderdale, Florida. Ninalolitaka katika utoto wake ni moja tu, nalo ndilo watu hulirukia. Alikuwa mpiga drams, kama baba yake. Akiwa na miaka 13 akaumia kifundo cha mkono akicheza mpira wa Kimarekani, mkono haukurudi sawasawa, na drams hazina huruma na kifundo kibovu. Bendi ikawa na nafasi ya besi, akahamia. Kwa hiyo aliyeshika besi pale ni mpiga drams aliyepewa nyuzi nne. Mnaoisifu besi ya Teen Town, wimbo wa kundi lake la jazi Weather Report katika albamu ya Heavy Weather ya 1977, mmesoma jalada? Drams za wimbo huo kapiga mwenyewe.

Basi tuutazame mkono wa kulia. Jazz Bass, gitaa la besi la Fender alilopiga, ina pikapu mbili, na simaanishi gari: ni sumaku zinazonasa mtikisiko wa nyuzi. Moja iko upande wa shingo, nyingine karibu na daraja, pale nyuzi zinapoishia kwenye mwili wa gitaa. Yeye aliegemea ile ya daraja: hiyo imefunguliwa, ya shingo imepunguzwa, na vidole vinapiga palepale juu ya pikapu ya nyuma, mahali uzi ulipo mgumu. Ukipiga karibu na shingo uzi unayumba sana, sauti inakuwa nene na inajikokota. Karibu na daraja inatoka kavu, yenye kukoroma, na kila noti ina mwanzo na mwisho wake. Vidole viwili, cha shahada na cha kati, vinapokezana bila kuruka zamu, noti 16 kwa kila kipimo cha mapigo manne.

Katikati ya noti hizo kuna noti bubu. Kidole cha kulia kinapiga kama kawaida, cha kushoto kinaugusa uzi bila kuukandamiza, inatoka "tk" tu. Hilo ndilo toazi lake la drams. Mwanafunzi huziacha kwanza hizo, eti hazimo kwenye karatasi. Anabaki na noti zote sahihi na wimbo uliokwisha kufa. Mfanye hivi: wiki nzima piga noti bubu peke yake, mkono wa kushoto umelala juu ya nyuzi, metronomu, kile kifaa cha kuhesabu mapigo, kwenye 60 kwa dakika, noti nne kwa kila pigo. Zikilingana zote kwa nguvu, panda 5. Zisipolingana, kosa karibu kila mara ni kidole cha kati, kinapiga kwa nguvu kuliko mwenzake kwa sababu ni kirefu. Upinde kidogo.

Najua, kuna mtu huko nyuma anasema: mbona yeye alikuwa na besi isiyo na freti? Alikuwa nayo, ya mwaka 1962, na alikuwa na nyingine yenye freti pia, hiyo hamuitaji. Aliwahi kusimulia kwamba freti alizitoa kwa kisu cha siagi. Hadithi tamu, kifaa kibaya, maana kisu hunyofoa vipande vya mbao pembeni mwa mfereji freti inamokaa. Lakini haikuishia kwenye kung'oa. Mifereji lazima ijazwe, kwani freti zilikuwa kama kabari, na shingo yenye mifereji mitupu hulegea na kupinda. Kisha unasugua uso hadi ulingane. Kisha unashusha vijia vya nyuzi kule juu, karibu na vifungo vya kukazia, kwa sababu uzi sasa umebaki juu kwa kiasi cha milimita moja ambayo freti ilikuwa inaishika. Hapo ndipo wengi hukwama: wanalisahau hilo, wanakandamiza kwa nguvu zote, na noti za mwanzo zinapanda, zinatoka nje ya sauti yake.

Na nyuzi zake zilikuwa za kampuni ya Rotosound, za chuma, zenye waya wa mviringo kwa nje. Juu ya mbao tupu nyuzi hizo ni tupa. Ndiyo maana aliupaka ubao wa shingo epoksi ya mashua, rangi inayokauka ikawa ngumu. Sauti ile ya kuimba inatoka kwenye chuma kinachokwaruza uso mgumu kama kioo. Ukitoa freti ukaacha mbao tupu, umenunua nusu ya kazi.

Na kidole? Kwenye freti unabonyeza nyuma ya chuma. Bila freti unabonyeza juu ya mstari wenyewe. Uzi una inchi 34, na nusu toni ya kwanza, yaani hatua ya freti moja, ina upana wa karibu sentimita 4.8. Ukifika oktavu, katikati ya uzi, nusu toni ni sentimita 2.4. Kosa la milimita 3 ambalo kwenye noti za chini lilijificha, kwenye noti za juu limekuwa maradufu.

Inasimuliwa kwamba Joe Zawinul, mpiga kinanda wa Weather Report, aliposikia kanda ya Jaco aliuliza kama kijana huyu anapiga na besi ya umeme pia. Alidhani anasikia besi ile kubwa ya kusimama. Ndivyo alivyoingia Weather Report, 1976.

Hamoniki kwa haraka, ile sauti nyembamba inayotoka ukiugusa uzi bila kuukandamiza, muda unanikimbia. Mnalalamika kwamba hamoniki ya freti ya 4 haitoki. Haitoki kwa sababu haipo hapo! Iko kwenye sehemu ya tano ya uzi, sentimita 17.3 kutoka juu, na freti ya 4 iko 17.8. Rudisha kidole nusu sentimita. Ya freti ya 3 ni kinyume, sogea mbele kidogo, kuelekea daraja. Ile sauti nyembamba inayosikika mwanzoni mwa wimbo wa Birdland nayo ni besi: dole gumba la kulia linagusa uzi, kidole kinapiga nyuma yake.

Nilitaka tufike kwa mwimbaji Joni Mitchell na albamu yake Hejira, na Word of Mouth, albamu ya Jaco ya 1981 yenye wapulizaji wengi. Haitawezekana. Ugonjwa wa akili wa bipola uligunduliwa kwake 1982, gitaa likaibwa New York 1986, naye akafariki 21 Septemba 1987, ana miaka 35, baada ya kupigwa nje ya klabu ya usiku huko Wilton Manors. Wengi wanaanzia hapo. Mimi naishia hapo, kwa sababu hapo hakuna cha kujifunza kupiga.

Haya, yule mwenye koleo aliweke chini, aje na gitaa lake mbele. Freti ziachwe. Tunaanza na 60.