Oili inapotorokea kwenye hedi
(Mhadhara kwa mafundi wa magari na wanafunzi wa ufundi)

Wakubwa zangu shikamooni. Vijana, habari za asubuhi. Sogeeni mbele tafadhali, nimekuja na vyuma, na aliyekaa nyuma hataona kitu. Hii hapa mezani ni hedi, kichwa cha injini, ya Toyota 5A, injini ya Corolla 110 mnazozijua wote. Tapeti kava, kifuniko cha juu, nimeshaivua; kamshafti zote mbili, vyuma virefu vinavyofungua valvu, zimelala mahali pake. Pembeni nina maikromita, rula nzito ya chuma, fila geji (vibati vya kupimia nafasi), toki renchi (spana ya kukazia kwa kipimo), na huu uzi mwembamba wa kijani kwenye karatasi. Uzi huu tutaurudia.

Kuna mama mmoja mfanyabiashara wa samaki aliyekuwa analeta gari lake kwangu. Siku moja akaniambia, "Mwanangu, taa ya oili inawaka nikisimama kwenye foleni. Nikikanyaga mafuta inazima." Nikafunga geji ya presha kwenye tundu la swichi ya oili, nikaiacha injini ichemke vizuri. Sailensa, yaani injini inazunguka bila kukanyagwa mafuta, sindano haikufika hata 20 kPa za presha. Kitabu cha injini hiyo kinataka angalau 29 kPa kwenye sailensa, na kati ya 245 na 490 kwenye mizunguko 3,000 kwa dakika. Nikafanya wanachofanya wengi wetu: nikavua sampu, bakuli la oili chini ya injini, nikabadilisha oili pampu, nikaweka beringi mpya za meni na za bigi endi, zote za chini. Zile za zamani zilikuwa zimechoka kidogo tu, na moyoni nililiona hilo. Nikafunga, nikawasha, injini ikapata moto, taa ikawaka tena. Yule mama alikuwa ameshalipa pesa ya samaki wa mwezi mzima. Toka siku ile sijafungua sampu ya mtu kabla ya kutazama juu.

Tufuate njia ya oili. Inanyonywa kwenye sampu, inapita pampu, inapita filta, inaingia mfereji mkuu wa bloku, mwili wa injini, inalisha krankishafti, chuma kikuu kinachozungushwa na pistoni, kisha inapanda kwa tundu jembamba hadi kwenye hedi. Kamshafti inakunywa mwisho. Oili ikichelewa, ikipungua au ikichafuka, ya kwanza kukosa ni kamshafti. Halafu kuna upande wa pili ambao mafundi wengi hatuufikirii: kamshafti iliyolegea inawanyang'anya wa chini. Oili hukimbilia penye upenyo, kama maji. Na upenyo huu una hesabu yake. Kiasi cha oili kinachovuja kwenye nafasi nyembamba ya beringi hupanda kwa kipeo cha tatu cha nafasi hiyo. Nafasi ikiongezeka mara mbili, kwa presha ileile uvujaji unaongezeka mara nane. Mara nane! Kwa hiyo beringi chache za juu zikitoka 0.05 mm zikafika 0.10, pampu mpya kabisa inaweza kushindwa kujaza, na krankishafti iliyokuwa nzima inaanza kufa njaa.

Kwenye injini hii, na nyingi za kisasa zenye hedi ya aluminiamu, usitegemee kukuta beringi ya kuvua na kuvaa. Angalieni. (Hapa nilifungua kepu ya tatu ya kamshafti ya ekzosi, upande wa kutolea moshi, nikaipitisha mkono kwa mkono.) Chuma cha kamshafti kinazunguka moja kwa moja ndani ya aluminiamu. Nusu ya chini ya duara imechongwa kwenye hedi, tuite kikalio, na nusu ya juu ni kepu. Kiwandani kepu hufungwa kwanza, ndipo matundu yote yanachongwa kwa pamoja kwenye mstari mmoja. Ndiyo maana kila kepu ina namba na mshale wa kuelekea mbele. Kepu ya namba mbili ukiifunga kwenye namba nne umeshaharibu duara, hata kama bolti zimeingia vizuri. Na ukienda kununua hedi ya mtumba, iwe Kariakoo au Kirinyaga Road kule Nairobi, muuzaji akikwambia kepu hazipo, atakupa za hedi nyingine, rudisha hela mfukoni.

Injini za kamshafti ndani ya bloku, kama Land Rover 300Tdi, zina bushi, pete za beringi, zilizopigwa kwa nguvu, na tiba yake ni kung'oa bushi na kupiga mpya. Angalia mambo mawili tu: tundu la oili la bushi lilingane na tundu la bloku, ukiliziba umeua; na bloku ikichemshwa kwenye dawa kali ya kusafishia, bushi za zamani hazifai tena, dawa imeshakula madini laini. Leo nabaki na hedi, kwa sababu ndizo zinazojaa gereji zetu.

Dalili zake ni za kuvizia. Msitegemee mlio. Kamshafti inazunguka nusu ya mwendo wa krankishafti, haibebi kishindo cha mwako, na inaweza kulegea sana bila kusema neno. Tapeti, vikombe vidogo kati ya kamshafti na valvu, ndizo zinazopiga kelele, kwa hiyo fundi anarekebisha klirensi (nafasi) ya tapeti, kelele inapungua, mteja anaondoka na ugonjwa wake. Mimi naanza na geji, injini ikiwa moto kabisa, maana oili baridi ni nzito na inaficha kila kitu. Halafu nakata filta ya oili kwa msumeno wa bati, nafungua karatasi yake, naiosha kwa petroli kwenye sahani nyeupe. Chembe zikimeta, napitisha sumaku. Zikinasa, ni chuma: huenda ni nundu za kamshafti au kitu kingine cha chuma. Zikibaki kwenye sahani na ni nyeupe kama fedha, shuku aluminiamu, na hapo hedi ni mshukiwa wa kwanza, ingawa pistoni na pampu nazo usizisahau. Kwenye injini za VVT-i, zinazobadilisha muda wa valvu kwa presha ya oili, kompyuta ya gari nayo inaweza kulalamika, ikatoa kodi (namba ya hitilafu) ya P0011 au P0012, kwa sababu oili isiyo na presha haiwezi kuisukuma kamshafti ifike inapotakiwa. Nimeona watu wakibadilisha valvu ya VVT mara mbili kwa kodi hiyo bila kufunga geji hata mara moja.

Kuhusu kumimina oili nzito ili taa izime, nitasema wazi: ni kumdanganya mteja. Sindano inapanda kidogo, beringi inaendelea kulika, na kwenye injini yenye vichujio vidogo vya VVT unaongeza tatizo juu ya tatizo.

Sasa turudi kwa yule mama. Nilipofungua tapeti kava na kulegeza kepu (kidogokidogo, kwa zamu, maana ukifungua upande mmoja springi za valvu zinainua kamshafti upande mmoja na inaweza kupasuka), niliona kitu ambacho sikuwa nimewahi kukielewa. Springi za valvu husukuma kamshafti kwenda juu. Kwa hiyo kwa kawaida kepu ndiyo inayolika, na kikalio cha chini kinabaki kizuri. Kepu ya kwanza na ya tano zilikuwa na mikwaruzo, sawa. Ile ya katikati, namba tatu, ilikuwa safi, lakini kikalio chake cha chini kilikuwa kimesuguliwa kinang'aa kama kijiko. Kamshafti ilikuwa inabanwa chini katikati na juu kwenye ncha. Chuma kilichonyooka hakiwezi kufanya hivyo kama tundu lake limenyooka. Tundu lilikuwa limepinda.

Nikamuuliza, "Mama, gari hili liliwahi kuchemka?" Akasema mwaka uliopita rejeta ilipasuka njiani, hedi ikapelekwa gereji nyingine ikafesiwa. Basi. Hedi ya aluminiamu ikichemka hujikunja kama upinde, katikati inainuka. Ikikunjwa, hujikunja yote, chini na juu. Tunapoifesi tunanyoosha uso wa chini peke yake. Kabla ya kufesi, ukiifunga kwenye bloku, bolti zinaivuta na tundu la kamshafti linanyooka nalo angalau kiasi. Baada ya kufesi, uso wa chini umeshanyooka, bolti hazina cha kuvuta, na upinde wa juu unabaki humo milele. Kazi iliyofanyika kuokoa gasketi ndiyo iliyoiua kamshafti. Sisemi msifesi. Nasema kabla hedi haijapanda kwenye mashine, pimeni juu pia.

Kupima ni kazi ya dakika tano. Vua kamshafti, safisha vikalio, laza rula juu yake kwa urefu wa hedi, jaribu kuingiza fila geji chini yake. Kwenye kamshafti ya ekzosi ya 5A shingo ya kwanza, yaani sehemu inayozunguka kwenye kikalio, ni nene kuliko nyingine, karibu milimita 25 dhidi ya 23, kwa hiyo rula ilale kwenye vikalio vinne vya nyuma tu. Uso wa chini wa hedi hii unaruhusiwa kupinda 0.05 mm mwisho. Ukikuta chini pamepinda 0.20, usitegemee muujiza juu. Kipimo kingine hakihitaji chombo: toa tapeti zote, laza kamshafti na oili kidogo, funga kepu kwa toki, kisha izungushe kwa vidole viwili. Njoo hapa kijana, jaribu. (Mwanafunzi aliizungusha, ilikwenda nusu mzunguko ikakaza, ikalegea, ikakaza tena.) Umesikia ilivyokaza palepale? Hii ndiyo hedi ya yule mama. Alininunulia nyingine nimfungie, lakini hii nilimwomba aniachie, na sasa inafundisha.

Uzi wa kijani unaitwa plastigeji. Unapima kuanzia 0.025 hadi 0.076 mm. Ukizidi hapo kuna mwekundu, unafika 0.15. Futa oili yote kwenye shingo na kepu, kavu kabisa. Tapeti zikae nje. Kata kipande cha upana wa kepu, kilaze juu ya shingo kwa mstari wa kamshafti, rudisha kepu kwa namba yake, kaza bolti kwa 13 Nm, na usiizungushe kamshafti hata kidogo. Fungua. Uzi umelala bapa. Linganisha upana wake na mistari ya kwenye karatasi. Kitabu kinataka 0.035 hadi 0.072, na mwisho ni 0.10. Unywele wa kichwa chako unaweza kuwa mnene kuliko nafasi hiyo nzima. Siku ile, kepu ya tatu, uzi wa kijani ulishindwa kabisa. Mwekundu ukasoma 0.127.

Ukishajua nafasi, pima shingo kwa maikromita, mara mbili kwa msalaba, ujue mkosaji ni nani. Shingo ya 5A, ukiacha ile nene ya kwanza ya ekzosi, isipungue 22.949 mm. Ikiwa imelika, kamshafti mpya inaweza kutosha. Ikiwa nzima, kosa ni la hedi.

Tiba ya hedi ina njia zake. Mikwaruzo myepesi isiyoshika ukucha, na nafasi iko ndani ya kipimo, iacheni. Toeni vinundu vilivyosimama tu. Iliyopita kipimo, kepu zinapunguzwa kidogo upande wa chini kwenye mashine, kisha matundu yote yanachongwa upya kwa mstari mmoja hadi kipimo cha kiwandani. Hedi iliyopinda sana inyooshwe kwa moto na fundi anayeijua kazi hiyo, ndipo ichongwe. Kinachoniuma ni kuona kepu imesagwa kwa tupa juu ya jiwe la sakafu, ikafungwa bila kuchongwa tena. Duara limekuwa yai. Uzi utasoma vizuri juu kabisa, na pembeni chuma kinakula aluminiamu. Nimekuta hata kipande cha kopo la soda kimewekwa chini ya kepu. Kopo lile lilishuka na oili likaziba mdomo wa kunyonyea kwenye sampu, na injini nzima ikaenda.

Kabla ya kufunga chochote, tafuteni kilichosababisha. Pulizeni tundu la oili linalopanda kwenye hedi. Linganisheni gasketi mpya na ya zamani, tundu kwa tundu. Angalieni silikoni: kepu ya kwanza ya ekzosi inapakwa kidogo ukingoni, na tunaipaka kama siagi kwenye mkate, inaminyika inaingia kwenye mfereji wa oili. Na siku ya kuwasha, toa plagi, kata umeme wa injekta, piga stata mpaka taa ya oili izime yenyewe. Ndipo uwashe.

Gari la yule mama lilipata hedi nzima yenye kepu zake. Nilirudisha geji palepale. Sailensa, injini moto, sindano ikasimama 60. Pesa ya beringi za chini nilimrudishia kwa awamu tatu.

Haya, uzi uko hapa, hedi iko hapa. Kepu ya nne ya intake, upande wa kuingizia hewa, haijapimwa na mtu yeyote. Nani anakuja kushika toki renchi?