Bhajia za mahindi za Kithai: jamani msinitumie pesa, viungo mnavyo hapo hapo

Assalaam alaykum, hamjambo nyote. Leo sina matembezi wala soko la usiku. Niko nyumbani kwangu hapa Bangkok, na nimewasha kamera kwa sababu ya swali moja tu. Tangu niweke ile video ya futari, kila nikifungua simu nakuta lile lile: "Dada, zile bhajia za mahindi wafanyaje, na ile rojo nyekundu ya pilipili na viungo nitaipata wapi? Ninunulie unitumie, nitakulipa." Wengine wametuma pesa hata kabla sijajibu. Nimezirudisha zote. Basi leo najibu mara moja, na mwenye kuuliza tena nitamwelekeza hapa.

Najua pia maneno yatakayofuata, nimeyazoea. Nikionyesha chakula naambiwa najionyesha, nimesahau sima na mchicha. Nikitaja gharama naambiwa nalalamika, na kama huku ni kugumu si nirudi. Jamani, hii ni bhajia ya mahindi. Wenyewe waiita thot man khao phot, na barabarani mfuko mmoja ni bahti 20 au 30. Bahti moja ni kama shilingi 4 za Kenya, piga hesabu mwenyewe. Ni chakula cha mtu anayetoka kazini anangoja basi. Hapo hapana la kujionyesha. Na bei naitaja kwa sababu mwaniuliza bei.

Mtasema, kama ni rahisi hivyo kwa nini usinunue? Kwa sababu ya mafuta. Karai la barabarani huwezi kujua asubuhi limekaanga nini, na hapa nyama ya nguruwe iko kila mahali. Nikitaka kununua bila wasiwasi nakwenda upande wa Ramkhamhaeng, kuna Waislamu wengi na msikiti mkubwa, au natafuta kibanda chenye alama ya halali. Lakini kutoka ninapokaa ni safari, na nauli ya kwenda na kurudi inazidi bei ya bhajia zenyewe. Kwa hiyo napika.

Na kupika kwenyewe kuna mambo yake. Vyumba vingi vya kupanga hapa, vile vya mtu wa kipato chetu, havina jiko kabisa. Ni kitanda, kabati, choo, na roshani ya kuanikia nguo. Gesi mara nyingi hairuhusiwi, watumia jiko la umeme la kuweka mezani. Chumba changu cha kwanza niliweka amana ya miezi miwili, na kodi ya mwezi mmoja juu, kama ilivyo desturi. Nilipohama, mwenye nyumba akanikata sehemu kubwa ya ile amana, ati ukuta umeshika harufu ya mafuta. Nilikuwa nakaangia roshani, mlango umefungwa, na ukuta niliupaka rangi kwa pesa yangu kabla ya kukabidhi ufunguo. Hakutaka kusikia. Bado inaniuma, maana ile pesa nilikuwa nimeitengea karo ya mdogo wangu.

Sasa la kutumiwa. Niliwahi kumtumia mama mdogo kifurushi: mikebe ya rojo nyekundu, majani makavu ya ndimu ya huku, na vikorokoro vingine vya jikoni. Kusafirisha peke yake kulizidi bei ya vitu. Kilipofika huko akaambiwa alipe kwanza, na alipokipata kilikuwa kimefunguliwa na mkebe mmoja umevuja ukaharibu kila kitu. Mama mdogo alilipa pesa apokee uvundo. Sirudii, na sitaki mtu mwingine apitie hayo kwa ajili ya kitu anachoweza kukitwanga mwenyewe.

"Basi ukija likizo utuletee." Hapa nataka mnielewe vizuri, kwa sababu watu hudhani kuja nyumbani ni tikiti tu. Kibali changu cha kukaa ni cha kazi, nakiongeza kila mwaka kwa bahti 1,900. Nikitoka nchini bila kuchukua kibali cha kuingia tena, kile cha mwaka kinakufa palepale mpakani, naanza upya. Cha kuingia tena ni bahti 1,000 kwa safari moja, 3,800 kwa safari nyingi. Halafu kila siku 90 lazima niripoti uhamiaji kuwa bado nakaa pale pale nilipoandikisha. Kuripoti ni bure, ukichelewa ni faini bahti 2,000. Ukienda mwenyewe ni siku nzima ya foleni, na shule niliyoanzia kufundisha ilikuwa inakata mshahara wa siku hiyo.

Na kwa kuwa nimeitaja hiyo shule: nilifundisha darasa moja na mwalimu kutoka Ulaya, vipindi sawa, vitabu sawa, na yeye alilipwa zaidi. Mimi mwenye shahada ya ualimu, niliyesoma kwa Kiingereza tangu utotoni, ndiye niliyedaiwa cheti cha TOEIC, ule mtihani wa Kiingereza, kuthibitisha kwamba Kiingereza nakijua. Mtihani nikaulipia mwenyewe. Sisemi hivi ili mnionee huruma, nilishahama, nilipo sasa wananitendea haki. Nasema kwa sababu kila wiki kuna kijana ananiandikia anataka kuja kufundisha, na anafikiri pasipoti zote huhesabiwa sawa. Hazihesabiwi. Lakini hayo ni yangu mimi. Wapo Wakenya na Waganda hapa watakuambia mambo mengine kabisa.

Haya, mahindi.

Mimi natumia mahindi matamu, haya ya manjano, kwa sababu ndiyo yaliyojaa sokoni hapa. Nyumbani utayapata katika supamaketi kwa bei ya kuudhi, na makopo yana maji mno. Chukua mahindi mabichi ya kawaida ya soko la Kongowea, Mombasa, lakini uchague machanga. Fungua ganda kidogo, bonyeza punje kwa ukucha. Ikiruka maziwa, hilo ndilo. Ikiwa ngumu na yenye unga ndani, hilo la kuchoma, liache.

Mahindi matatu makubwa yatakupa kama vikombe viwili. Simamisha hindi kwenye sinia, shuka na kisu, usizame hadi kwenye gunzi maana utapata makapi. Punje zikishatoka, geuza kisu, kwa mgongo wake kwangua lile gunzi kutoka juu hadi chini. Yale maziwa mazito yanayotoka ndiyo yanayoshika bhajia, msiyatupe! Kisha gawa punje: nusu twanga zisambaratike, nusu ziache nzima. Ukiziacha nzima zote bhajia inavunjika karaini, ukitwanga zote unapata chapati ya mahindi, na ladha ya kutafuna inakwisha.

Tia yai moja, kijiko kikubwa kimoja cha rojo nyekundu, sukari nusu kijiko kidogo, kijiko kidogo cha sosi ya samaki, au chumvi kidogo tu ukiikosa. Unga wa mchele vijiko vinne vikubwa, wanga wa muhogo viwili. Kornflawa inafaa badala ya huo wanga, mimi mwenyewe huitumia. Kama mahindi yako ni yale meupe ya kawaida, yana wanga wake tayari: anza na nusu ya unga, uongeze ukiona inateleza, na sukari ongeza kidogo. Changanya wakati mafuta yameshapata moto, si kabla, kwa sababu chumvi inavuta maji kwenye mahindi na ukingoja utakuta bakuli limekuwa uji.

Majani ya kutia humo ndiyo mnayoyauliza sana. Ni ya ndimu yenye ganda la makunyanzi, hapa huitwa makrut. Wakunja jani, watoa ule uti wa kati, halafu wakata jani lenyewe jembamba kama unywele. Ukikata vipana mtu anatafuna karatasi. Nyumbani chukua ndimu ya kawaida, likune ganda lake la kijani juu juu, usifike kwenye ule weupe maana ni uchungu. Harufu si ile ile, nisiwadanganye, lakini ni ya jamaa yake.

Sasa rojo, hii mnayotaka kunitumia pesa. Hapa sokoni imerundikwa kwenye beseni, wapimiwa gramu mia kwa bei ya bahti chache. Lakini tazameni kilichomo. Pilipili kavu kubwa nyekundu, kitunguu thomu, vitunguu vidogo, mchaichai, khulinjani (mzizi wa jamii ya tangawizi), mizizi ya dania, mbegu za dania, jira, pilipili manga, ganda la ile ndimu ya makunyanzi, chumvi, na kamba waliochachishwa wakasagwa. Nani pale sokoni Marikiti hana hivyo? Khulinjani ni ile ile, au jamaa yake, wanayouza maduka ya dawa za Kiswahili na viungo, mama zetu huitia kwenye kahawa. Mchaichai umeota uani kwa watu. Hao kamba wa hapa ni wale wadogo, ni uduvi. Basi chukua uduvi mkavu, ukaange kikavu kidogo, utwange.

Mpango wa kutwanga una maana. Roweka pilipili saba au nane, toa mbegu. Kaanga kikavu mbegu za dania kijiko kidogo na jira nusu yake, twanga na pilipili manga kwanza hadi ziwe unga, weka kando. Kisha pilipili na chumvi, chumvi ndiyo inayokata. Zikilainika ndipo mchaichai, ile sehemu nyeupe ya chini tu, na khulinjani kipande cha ncha ya kidole. Halafu mizizi ya dania na ganda la ndimu, punje tano za thomu, vitunguu vidogo vitatu. Mwisho ule unga na uduvi. Ukianza na vitunguu, maji yatajaa kinuni na mchaichai utabaki nyuzi. Blenda inafanya kazi pia, ila itakudai maji, na maji hatuyataki humu. Itakayobaki itie kwenye kikopo chenye kifuniko, funga, weka friza.

Mafuta yawe ya kina, moto wa kati. Chovya kijiti, vipovu vikizunguka taratibu, tayari. Chota kijiko, kandamiza kidogo kiwe bapa, teremsha karibu na mafuta. Sasa nisikilizeni hapa, hasa wenye watoto wanaopenda kusimama jikoni: punje ya hindi hupasuka. Ngozi yake inafungia maji, maji yanakuwa mvuke, inaruka na mafuta yake. Punje zilizovaa unga vizuri haziruki sana, zile zilizochomoka peke yake ndizo hatari, zitoe kwa chujio upesi. Simama nyuma, vaa mikono mirefu. Usiigeuze mapema, ngoja ukingo uwe rangi ya asali na bhajia iachie yenyewe.

Mchuzi wa kuchovya: siki nusu kikombe, sukari nusu kikombe, chumvi kidogo, chemsha mpaka iwe nzito, ipoe. Ndipo utie tango lililokatwakatwa, kitunguu, pilipili mbichi, na njugu za kukaanga zilizopondwa. Ukwaju? Kwetu tungetia ukwaju, na mimi siku nyingine natia. Ni mdomo wako.

Kuna walioniuliza kwa ajili ya wasiokula nyama. Hapa kuna sikukuu ya kula bila nyama, siku tisa, mara nyingi huangukia Oktoba, utaona bendera za manjano kwenye vibanda, na bhajia hizi hukaangwa kwa wingi. Siku hizo hakuna yai, hakuna sosi ya samaki, wala uduvi wala thomu wala vitunguu kwenye rojo. Wanaongeza unga kidogo na tui au maji kushikisha, na zinatoka nzuri tu.

Haya ni ya kwangu, kwa mfuko wangu na jiko langu. Ukiwa na mkono mwingine, fanya hivyo, sitabishana na mtu. Ila pesa za rojo sipokei tena, na atakayetuma nitamrudishia kama nilivyowarudishia wengine.

Na yule dada wa Likoni aliyeuliza kama anaweza kukanda mchana akakaange magharibi: mahindi yakate na uyatwange mapema, yaweke kwenye friji yakiwa peke yake, bila chumvi. Rojo iwe kando, unga kando. Adhana ikikaribia, pasha karai, ndipo uchanganye.